Mlinzi wa Hazina: Arthur Wina na Mfuko wa Zambia

Ndugu wasikilizaji, na hasa ninyi askari wa Jeshi na wa Polisi mlioko makambini, vituoni na mipakani, nchi inapopata uhuru macho ya watu huvutwa na mambo mawili. La kwanza ni bendera mpya inayopanda mlingotini. La pili ni gwaride linaloipigia saluti bendera hiyo. Jambo la tatu halionekani uwanjani, wala hakuna bendi inayolipigia ngoma. Jambo hilo ni Hazina ya Taifa, yaani mfuko unaotoa mshahara wa askari aliye katika gwaride, kitambaa cha sare yake, mafuta ya gari lake na unga wa mesi yake. Wahenga walisema mkono mtupu haulambwi. Dola yenye mkono mtupu haiheshimiwi na majirani, wala haitiiwi kwa muda mrefu na watumishi wake yenyewe.

Mwaka 1964 uliifundisha Afrika ya Mashariki somo hilo kwa ukali. Tarehe 20 Januari askari wa Tanganyika Rifles waliasi katika kambi ya Colito, Dar es Salaam, wakidai nyongeza ya mshahara na maofisa Waafrika badala ya Waingereza. Siku chache baadaye moto huo ukashika Jinja katika Uganda na Lanet katika Kenya. Serikali tatu zilizokuwa bado changa zililazimika kuwaita askari wa Uingereza, mtawala aliyekwisha kuagwa, warudi kuzima maasi. Tanganyika Rifles ikavunjwa, na tarehe 1 Septemba mwaka huo likazaliwa Jeshi la Wananchi.

Juma lile lile la maasi, ng'ambo ya mpaka wa Tunduma, nchi iliyokuwa ikiitwa Rodezia ya Kaskazini ilikuwa inaunda serikali yake ya kwanza ya kujitawala kwa mambo ya ndani. Chama cha UNIP kilikuwa kimeshinda uchaguzi. Kenneth Kaunda akawa Waziri Mkuu tarehe 22 Januari, na Wizara ya Fedha akamkabidhi Arthur Wina, aliyekuwa bado kijana. Waziri wa Fedha aliyeingia ofisini wakati kama huo hakuhitaji mwalimu wa kumweleza uzito wa mshahara wa askari. Maisha ya waziri huyo yanafaa kusimuliwa kwa askari na polisi, kwa kuwa naye aliwekwa kwenye lindo, ingawa hakuvaa sare wala hakushika bunduki.

Arthur Wina alikuwa Mlozi, mtoto wa Barotseland, nchi ya mbuga za mto Zambezi upande wa magharibi. Baba yake, Kalonga Wina, aliwahi kuwa Ngambela, cheo cha waziri mkuu wa Litunga, ambaye ndiye mfalme wa Walozi. Ndugu yake, Sikota Wina, naye alikuwamo katika baraza la Kaunda. Wakati wa uhuru nchi nzima ilikuwa na Waafrika wapatao mia moja tu waliohitimu chuo kikuu. Arthur alikuwa mmoja wao, kwa kuwa alikuwa amesoma mpaka Chuo Kikuu cha California, huko Los Angeles, Marekani.

Kijana wa nyumba ya namna hiyo angeweza kukaa upande wa wakuu wa jadi na kula urithi wake kwa utulivu. Wengi wa wakuu hao walitaka Barotseland ijitenge na nchi nyingine, wakiogopa kwamba serikali ya wananchi ingewapokonya heshima yao. Wina alichagua njia nyingine. Katika uchaguzi wa mwaka 1962 alisimama huko huko Barotseland kwa tiketi ya UNIP, akakishinda chama kilichoungwa mkono na wakuu hao. Kwa hiyo alipofika Hazina alikuwa amekwisha kuonja gharama ya kuweka taifa mbele ya ukoo.

Sasa yafaa kutazama mfuko aliokabidhiwa. Zambia ni nchi ya shaba. Wakati wa uhuru zaidi ya sehemu tisa katika kumi za mapato yake ya mauzo ya nje yalitokana na madini hayo, yanayochimbwa katika Ukanda wa Shaba, penye miji ya Kitwe, Ndola, Mufulira, Luanshya na Chingola. Migodi ilikuwa mikononi mwa makampuni makubwa mawili, Anglo American na Rhodesian Selection Trust. Makampuni hayo yalichimba, yakayeyusha, yakasafirisha na kuuza. Lakini nyuma yao alisimama mwingine ambaye hakuchimba hata shimo moja, naye alilipwa kwa kila tani iliyotoka ardhini. Huyo alikuwa British South Africa Company, kampuni ya Cecil Rhodes iliyopewa hati na Malkia wa Uingereza mwaka 1889.

Kampuni hiyo ilidai kwamba madini yote yaliyo chini ya ardhi ya Rodezia ya Kaskazini ni mali yake, na kwa hiyo kila mchimbaji alipaswa kuilipa mrabaha. Hesabu yake ilikuwa hivi. Ilichukuliwa bei ya tani moja ya shaba katika soko la London, zikatolewa pauni 8, na katika kiasi kilichobaki kampuni ilipata asilimia 13.5. Kwa mfano, bei ikiwa pauni 208, zilitolewa 8 zikabaki 200, na pauni 27 zikaenda kwa kampuni. Mgodi upate faida au upate hasara, pauni 27 ni zile zile. Mchimbaji afe kwa kuporomokewa na mwamba au apone, pauni 27 ni zile zile.

Je, haki hiyo ilitoka wapi? Mwaka 1890 wakala wa kampuni, Frank Lochner, alimwendea Litunga Lewanika wa Walozi, akapata mkataba uliotiwa sahihi tarehe 27 Juni mwaka huo. Lewanika aliamini kwamba anajipatia ulinzi wa Malkia wa Uingereza. Aliahidiwa pauni 2,000 kwa mwaka. Baadaye akafahamu kwamba amefunga mkataba na wafanyabiashara, akalalamika, lakini karatasi ilikuwa imekwisha kuandikwa. Kampuni ilitawala nchi mpaka mwaka 1924, ilipoikabidhi kwa serikali ya Uingereza. Ilitoa utawala, ikabakiza madini. Wakati huo thamani kamili ya Ukanda wa Shaba ilikuwa haijajulikana. Ilipojulikana, fedha zilianza kutiririka kwenda London. Mwaka 1950 yalifanywa mapatano mapya: serikali ya koloni ipewe sehemu ya tano ya mrabaha, kampuni iendelee kupokea zilizobaki mpaka mwaka 1986. Kwa kipindi chote cha miaka arobaini hivi kabla ya uhuru, kampuni ilivuna zaidi ya pauni milioni 80.

Wakuu wa kabila lake Arthur Wina ndio waliotia alama katika karatasi ile ya mwaka 1890, na baba yake aliwahi kushika cheo cha pili katika ufalme huo. Miaka 74 baadaye, mtoto wa Ngambela ndiye aliyepewa kazi ya kuifuta.

Silaha yake ya kwanza ilikuwa makaratasi. Mwezi Septemba 1964 serikali ya Kaunda ilitoa waraka wa wazi kuhusu madai ya kampuni. Watafiti wake walikuwa wamechambua mikataba ya zamani, barua na ramani. Hoja kuu ilikuwa nyepesi kuelewa. Mkataba wa Lewanika ungeweza kuhusu nchi aliyoitawala Lewanika, lakini Ukanda wa Shaba ulikuwa mbali na milki yake. Huko waliishi Walamba na watu wengine ambao Litunga hakuwatawala. Mtu hawezi kuuza shamba la jirani. Kama hakuwa na haki ya kuuza, aliyenunua kwake hakununua kitu. Pili, kama kulikuwa na fidia ya kulipwa, mlipaji ni Uingereza, kwa kuwa ndiyo iliyoyatambua madai hayo mwaka 1924 na kuyathibitisha mwaka 1950.

Msikilizaji aliyewahi kukaa zamu ya usiku anaelewa kazi ya namna hiyo. Haina kelele. Ni kusoma karatasi moja baada ya nyingine mpaka ipatikane ile inayoonyesha mlango ulioachwa wazi. Mali bila daftari hupotea bila habari, na mali ya Zambia ilipotea kwa miaka mingi kwa sababu daftari lilikuwa mikononi mwa aliyeichukua.

Kampuni ilitaka kiasi kilichozidi mara nyingi kile ilichopata mwishoni. Serikali ya Uingereza ilisitasita. Siku za uhuru zikakaribia, na hapo ndipo kila upande ulipopiga hesabu ya saa. Kama bendera ingepanda bila mapatano, Zambia ingebaki na njia mbili. Ya kwanza ni kuendelea kulipa mrabaha kwa kampuni ya kigeni kwa miaka 22 mingine. Ya pili ni kubadili katiba na kuitwaa mali hiyo bila kulipa chochote, jambo ambalo serikali iliweka wazi kwamba iko tayari kulifanya. Kwa kampuni njia hiyo ya pili ilikuwa kifo. Kwa Zambia nayo ilikuwa na hatari zake, kwani nchi mpya huhitaji mkopo na imani ya wenye mitaji.

Ilifika tarehe 23 Oktoba, siku ya mkesha wa uhuru. Katika bustani ya Ikulu ya Gavana, Lusaka, kulikuwa na karamu ya chai kwa ajili ya wageni waliokuja kushuhudia sherehe. Wageni walikuwa wanakunywa chai na kuzungumza, na kando yao, nyuma ya hema la karamu, watu wachache walikuwa wanasuluhisha shauri la miaka 74. Arthur Wina alikuwa upande wa Zambia. Upande wa pili walisimama wakuu wa kampuni. Zilikuwa zimebaki saa chache tu. Kampuni ikakubali pauni milioni 4, nusu itolewe na Uingereza na nusu na Zambia. Kwa pauni milioni 2 za mfuko wake, nchi ikapata madini yake yote. Usiku huo bendera ya Uingereza ilishuka, na tarehe 24 Oktoba, 1964, ikazaliwa Jamhuri ya Zambia yenye kumiliki kilicho juu ya ardhi na kilicho chini yake.

Ndugu askari, hakuna risasi iliyopigwa katika bustani ile. Lakini ushindi uliopatikana pale ulikuwa na thamani sawa na ushindi wa vita. Tangu siku hiyo makampuni ya migodi yaliendelea kulipa mrabaha ule ule, ila ulilipwa Lusaka. Fedha hizo zilisaidia kujenga shule za sekondari katika nchi iliyokuwa nazo chache mno. Zilisaidia kufungua Chuo Kikuu cha Zambia, kilichopokea wanafunzi wake wa kwanza mwaka 1966. Zilisaidia pia kulipa mishahara ya jeshi na polisi, ambao miezi michache kabla ya uhuru walikuwa wamepelekwa wilaya za Kaskazini na Mashariki katika mapambano ya kusikitisha na wafuasi wa kanisa la Lumpa la Alice Lenshina, ambamo mamia ya watu walipoteza maisha.

Zamu ya pili ya waziri huyo ilikuwa ngumu kuliko ya kwanza. Tarehe 11 Novemba, 1965, Ian Smith na walowezi wenzake wa Rodezia ya Kusini walijitangazia uhuru wa wachache. Zambia ilikuwa imefungwa kwa kamba na jirani huyo tangu siku za Shirikisho lililovunjwa mwishoni mwa mwaka 1963. Shaba yake ilikwenda baharini kwa reli ipitayo Rodezia. Makaa ya mawe ya kuyeyushia shaba yalitoka Wankie. Mashine za umeme za Kariba zilikuwa ukingo wa kusini wa mto, upande wa Smith. Mafuta ya petroli yalitoka katika mtambo wa Umtali. Mwezi Desemba 1965 Uingereza ilipoinyima Rodezia mafuta, Smith naye aliikatia Zambia.

Wakati huo ndipo jina la Zambia lilipokuwa maarufu katika barabara za Tanzania. Mapipa ya mafuta yaliletwa Zambia kwa ndege, na mengine yalipakiwa Dar es Salaam katika malori yaliyopita Morogoro, Iringa na Mbeya hadi Tunduma, katika barabara ya vumbi, matope na makorongo ambayo madereva waliiita Barabara ya Jehanamu. Baadaye likajengwa bomba la mafuta la TAZAMA kutoka Dar es Salaam hadi Ndola, lililokamilika mwaka 1968, na baada yake reli ya TAZARA yenye urefu wa kilomita 1,860. Watu wa Tanzania wanaikumbuka habari hiyo kwa jasho la madereva na wajenzi. Lakini kila pipa lililovuka Tunduma lilikuwa na hati ya malipo, na hati hiyo iliishia katika meza moja huko Lusaka.

Ni rahisi kutangaza msimamo jukwaani. Kuulipia ni kazi nyingine. Waziri wa Fedha wa Zambia alitakiwa kutafuta fedha za kununua mafuta kwa bei ya ndege, kufungua machimbo mapya ya makaa ya mawe, kukarabati barabara, na wakati huo huo kugharamia Mpango wa Kwanza wa Maendeleo ulioanza mwezi Julai 1966. Bahati ilimsaidia, kwani bei ya shaba ilipanda sana duniani. Lakini bahati haina faida kwa asiyeikinga chombo. Mwezi Aprili 1966 serikali iliweka kodi mpya juu ya shaba: bei ikizidi pauni 300 kwa tani, katika kila pauni iliyozidi Hazina ilichukua asilimia 40. Kwa njia hiyo sehemu kubwa ya neema ilibaki nyumbani badala ya kupanda ndege pamoja na faida za wenye hisa.

Haki inadai yasemwe pia yale yasiyokwenda sawa. Mrabaha na kodi ile vilitozwa kwa tani na kwa bei, bila kutazama faida. Kwa sababu hiyo makampuni yalilalamika kwamba mawe yenye shaba kidogo hayalipi, nayo yakawa mazito kufungua migodi mipya. Mfumo huo ulikuja kubadilishwa baada ya Tamko la Matero la mwezi Agosti 1969, serikali ilipotwaa asilimia 51 ya migodi. Tena, neema ya shaba ilileta matamanio yake. Mwaka 1966 wachimba migodi walipata nyongeza ya asilimia 22, na wafanyakazi wengine wakadai wasiachwe nyuma. Mshahara wa mjini ukapanda haraka kuliko pato la mkulima wa kijijini. Taifa lililoshinda vita ya mrabaha lilikuwa bado limesimama kwa mguu mmoja, na mguu huo ulikuwa shaba.

Hata hivyo, kilichomwangusha Arthur Wina hakikuwa hesabu. Mwezi Agosti 1967 UNIP ilifanya mkutano mkuu wake Mulungushi, na uchaguzi wa viongozi ukageuka kuwa mashindano ya makabila na majimbo. Viongozi wa Kilozi, yeye akiwa mmoja wao, walishindwa. Baadaye mwaka huo huo aliondolewa Fedha, akapelekwa Elimu. Huko Barotseland nako mambo yalikuwa yanachemka. Kwa miaka mingi maelfu ya vijana wa Kilozi walikwenda kila mwaka kuchimba dhahabu Afrika ya Kusini kwa kuandikishwa na wakala aliyeitwa WENELA. Mwaka 1966 serikali ilipiga marufuku uandikishaji huo, kwa kuwa ilikuwa aibu kwa nchi huru kupeleka nguvu kazi yake katika ngome ya ubaguzi. Msimamo ulikuwa wa heshima. Lakini mshahara uliokuwa unaingia vijijini ulikatika, na kazi nyingine ya kutosha haikupatikana. Katika uchaguzi wa Desemba 1968 watu wa Barotseland walitoa hukumu yao. Mawaziri kadhaa wa UNIP walipoteza viti vyao, na Arthur Wina alikuwa mmoja wao.

Jambo hili linastahili kufikiriwa makambini. Mtu aliyeirudishia nchi yake madini yote alitolewa na wapiga kura wa nyumbani kwake mwenyewe, miaka minne tu baada ya ushindi ule. Hakukimbilia msituni. Hakutafuta ofisa wa jeshi mwenye kinyongo. Alikwenda katika biashara, akaishi kama raia.

Miaka iliyofuata ilionyesha jinsi Hazina inavyoweza kutekwa bila adui kuonekana. Mwaka 1975 bei ya shaba ilianguka vibaya, wakati bei ya mafuta ilikuwa imekwisha kupanda. Nchi ikakopa ili kuziba pengo, ikitumaini kwamba bei itarudi. Haikurudi kwa kiasi kilichotumainiwa. Deni likakua mpaka likapita dola bilioni 6. Wakopeshaji wakadai ruzuku ya unga wa mahindi iondolewe, nao unga ndio chakula cha kila nyumba Zambia. Mwezi Desemba 1986 ghasia za bei ya unga ziliukumba Ukanda wa Shaba. Mwezi Juni 1990 bei ilipandishwa tena zaidi ya mara mbili, watu wakaingia barabarani, na zaidi ya ishirini wakafa. Waliotumwa kukabili umati huo walikuwa polisi na askari ambao nao walikuwa na watoto wanaohitaji unga ule ule.

Alfajiri ya tarehe 30 Juni, 1990, Luteni Mwamba Luchembe aliingia katika kituo cha redio cha Lusaka, akatangaza kwamba jeshi limetwaa serikali. Watu walitoka nje wakishangilia. Baada ya saa chache alikamatwa, na yote yakaisha. Kilichobaki ni swali: kama njaa ni ya kweli na hasira ni ya kweli, njia ni ipi?

Jibu lilitolewa mwezi uliofuata, na mmoja wa waliolitoa alikuwa waziri wa zamani wa fedha. Mwezi Julai 1990, katika hoteli ya Garden House, Lusaka, walikutana wanasheria, viongozi wa vyama vya wafanyakazi, wafanyabiashara, wasomi na wanasiasa wa zamani, kudai kwamba sheria ya chama kimoja ifutwe. Arthur Wina alikuwa mwenyekiti wa mkutano huo, na akawa mwenyekiti wa muda wa vuguvugu lililozaliwa pale, lililokuja kuwa chama cha MMD. Mwezi Desemba mwaka huo sheria ilifutwa. Mwanzoni mwa mwaka 1991 chama kilipochagua mgombea wake, Wina aligombea akashindwa na Frederick Chiluba, kiongozi wa wafanyakazi. Aliyapokea matokeo, akabaki chini ya yule aliyemshinda. Tarehe 31 Oktoba, 1991, wananchi walipiga kura. Kaunda akashindwa, akakubali kushindwa, akaondoka Ikulu kwa amani. Kile ambacho luteni alishindwa kukipata kwa bunduki wananchi walikipata kwa karatasi.

Katika serikali mpya Wina alirudi Wizara ya Elimu. Mwezi Aprili 1993 aliondolewa katika baraza pamoja na mawaziri wengine, naye akawa miongoni mwa waanzilishi wa chama kipya, National Party. Alifariki mwaka 1995. Shaba aliyoipigania imeendelea kuchimbwa, na hesabu ya nani anafaidi imeendelea kubishaniwa chini ya kila serikali iliyofuata. Mwezi Novemba 2020 Zambia ilishindwa kulipa riba ya deni lake la nje, ikalazimika kuingia katika mazungumzo marefu na wakopeshaji. Madini yaliyokombolewa kwa pauni milioni 2 yalikuwa bado yanasubiri mlinzi wa kila kizazi.

Ndugu wasikilizaji wa Jeshi na Polisi, maisha ya Arthur Wina yana mafunzo mawili yanayowahusu. La kwanza ni kwamba ulinzi wa nchi huanzia mbali na mpaka. Mkataba mbaya unaweza kuchukua katika mwaka mmoja kile ambacho adui mwenye vifaru hawezi kuchukua katika miaka kumi, nao hauonekani kwa darubini. Askari wa forodha anayekataa hongo, polisi anayezuia magendo ya madini, mhasibu wa jeshi anayeandika kila lita ya mafuta katika daftari lake, hao wote wako katika lindo alilosimama waziri yule nyuma ya hema la karamu.

La pili ni nidhamu ya kukabidhi zamu. Askari mwema hupokea lindo, hulitunza, na saa ikifika hulikabidhi kwa anayemfuata, hata kama anaamini kwamba yeye ana macho makali zaidi. Wina aliondolewa katika chama, katika wizara na katika bunge, na kila mara aliyepewa mamlaka ya kumwondoa alipomwondoa, alikabidhi. Aliporudi, alirudi kwa mlango ule ule wa wananchi. Mali ya taifa haina mwenye nyumba mwingine isipokuwa wananchi wenyewe, na kila aliyekabidhiwa funguo, awe na kalamu au awe na bunduki, ni mlinzi wao.